Mnara wa falaki wa kichawi kwenye pwani kama ya Tanga: ujengweje ili msomaji auamini?

MwanaChumbageni

Habari za jioni wakuu.

Natunga dunia ya kubuni kwa ajili ya hadithi ndefu. Mji wake mkubwa nimeuweka kwenye ghuba inayofanana na yetu ya Tanga: kisiwa kidogo mdomoni, mikoko pembeni, mapango ya mawe ya chokaa kwa nyuma kama Amboni. Juu ya mwamba unaotazama bahari upo mnara wa falaki. Wanajimu wake hukinga nuru ya nyota kwenye bakuli la maji, na maji yakishakunywa nuru ya kutosha huitwa maji ya nyota. Maji ya Kilimia, kile kishada cha nyota, huita mvua. Ya Suhaili, nyota ang'avu ya kusini, humwonyesha nahodha njia usiku wa mawingu. Ya Zuhura, ile sayari ya alfajiri na jioni, hupatanisha waliogombana.

Rasimu yangu ina kuba kubwa la duara lenye bomba refu la kutazamia, limeelekezwa kwenye nyota ya kaskazini isiyosogea, ambayo ndiyo chimbuko la uchawi wote. Nahisi mbingu hiyo si ya pwani yetu. Tena kama nuru inakingwa kila usiku, wanajimu hawa watakuwa na nguvu zisizo na kikomo na hadithi inakufa. Halafu dunia hii ina miezi miwili, wa pili unaonekana nusu ya upana wa ule mkubwa, na sijui bamvua (maji makubwa ya bahari) liweje.

Uchawi niachieni. Nawaomba jengo, vipimo, ratiba ya kazi, na vitu gani huharibika na kwa nini.

FalakiMakorora

Mkuu, kuba na bomba viondoe leo hii. Tanga ipo nyuzi 5 kusini mwa ikweta, na mahali hapo nyota ya kaskazini haionekani usiku wowote wa mwaka, ipo chini ya upeo. Ncha ya kusini nayo imeinuka nyuzi 5 tu, upana wa vidole vitatu ukinyoosha mkono, ndani ya ukungu wa chini, na haina nyota ang'avu. Kwa hiyo mbingu ya mji wako haina msumari. Kila nyota yenye maana huchomoza na huzama, tena hupanda karibu wima. Ndiyo sababu mabaharia wa Bahari ya Hindi waligawa upeo sehemu 32 na nyingi wakaziita kwa jina la nyota inayochomoza au kuzama pale: nyota ikishachomoza inakaa juu ya mahali pake muda mrefu bila kukimbilia pembeni.

Basi nguvu ya uchawi wako itoke kwenye kupita kwa nyota. Ukikubali hilo, kikomo unachokitafuta utakipata bila kukilazimisha. Chukua nyota zako moja moja uone kila moja inadai chumba gani.

Kilimia na Suhaili zinadai chumba cha mpasuo. Ni chumba kirefu chenye ufa darini unaokwenda kaskazini-kusini sawasawa. Dari liwe mita 6 juu ya bakuli, na mpasuo uwe na upana wa sentimita 10. Kilimia kikifika kileleni kinakuwa upande wa kaskazini kwa kimo cha nyuzi 61, na Suhaili upande wa kusini kwa nyuzi 42. Ukipiga hesabu, mpasuo uanzie mita 3.3 kaskazini ya bakuli na uishie mita 6.6 kusini yake, jumla mita 10 hivi. Nuru ya nyota itagusa katikati ya bakuli kwa dakika 3 na nusu ikiwa ya Kilimia, dakika 4 na robo ikiwa Suhaili. Baada ya hapo usiku umekwisha kwa nyota hiyo. Mwanajimu akichelewa kufunua bakuli, asubiri kesho.

Na kesho nyota haiji saa ile ile. Kila usiku hutangulia dakika 4 kasoro sekunde 4, ndani ya mwezi saa mbili. Kilimia hupita kwenye mpasuo katikati ya usiku kwenye tarehe 20 Novemba, Suhaili kwenye 27 Desemba. Hiyo ni saa ya jua, si ya ukutani: saa za Tanzania zimefuata nyuzi 45 mashariki, na Tanga ipo 39, hivyo adhuhuri ya kweli kwetu huchelewa dakika 24 hivi kwa wastani. Kwenye dunia yako jua ndilo lenye neno, huna haja ya marekebisho hayo.

Sasa tazama msimu. Kilimia hukingika tangu mwanzo wa Septemba, kinapopita karibu na alfajiri, mpaka mwanzo wa Februari, kinapopita mara tu giza linapoingia. Mwishoni mwa Aprili kinamezwa na mwanga wa jua na hakirudi mpaka Juni. Wahenga wamesema Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Kwa hadithi yako maana yake ni hii: masika yanapochelewa na wakulima wanalia, maji ya Kilimia hayakingiki hata kwa dawa. Kilichopo ni akiba ya miezi iliyopita, na miezi hiyo ina mawingu ya vuli ndani yake. Mwenye ufunguo wa ghala la maji ndiye mtawala wa mji, zaidi ya sultani. Hapo ndipo mimi ningeiweka hadithi.

Zuhura ni kesi nyingine kabisa, na wengi hukosea. Haiachani na jua kwa zaidi ya nyuzi 47. Kwa hiyo hukatiza mstari wa adhuhuri, ule wa kaskazini-kusini angani, mchana siku zote, haiwezi kuingia kwenye mpasuo usiku hata mara moja. Lazima ikingwe alfajiri upande wa mashariki, au upande wa magharibi baada ya jua kuzama. Mjengee ua wa wazi usio na paa: nguzo 32 kwenye duara lenye nusu kipenyo cha mita 6, kutoka nguzo hadi nguzo mita 1 na sentimita 18, na bakuli katikati juu ya kiti cha jiwe. Mzunguko wake wa kuonekana ni siku 584, na mizunguko mitano inakaribia sana miaka minane, pungufu siku mbili na kidogo. Ugomvi unaozuka Zuhura ikiwa imejificha itabidi usubiri.

FundiChokaa

Mwalimu ameshatoa chumba cha mita 10, na kinakaa vizuri kwenye ujenzi wa pwani. Boriti za mikoko hazivuki mita 3 hivi, ndiyo maana vyumba vya nyumba zetu za mawe ni virefu na vyembamba. Ila kuna mtego mkubwa. Boriti hulazwa kutoka ukuta wa mashariki kwenda wa magharibi, na mpasuo unazikata zote katikati. Boriti iliyoshikwa upande mmoja tu itainama ndani ya masika mawili.

Simamisha nguzo za mawe jozi jozi kila mita 2 na nusu, moja kila upande wa mpasuo. Juu yake lazisha magogo ya mvule kufuata kingo, kisha boriti fupi zitoke ukutani zipumzike juu ya gogo. Hivyo chumba kinaweza kufika upana wa mita 5, na nguzo zinampa mwandishi wako mahali pa kuweka vidaka vya taa na mabakuli. Juu ya boriti panga mawe bapa ya matumbawe, mwaga chokaa na kokoto, itwangwe kwa vigongo mpaka iache kutoa maji. Dari liteleme kuondoka kwenye mpasuo pande zote mbili, na kingo zenyewe ziinuke kiganja kimoja, la sivyo mvua yote itaishia kwenye bakuli. Mfuniko wa mpasuo uwe mbao nyembamba katika vipande vya mita moja moja. Mfuniko mmoja wa mita 10 hautainuliwa na mtu.

Usiwaruhusu wanajimu kuchora alama ukutani mwaka wa kwanza. Chokaa hukomaa polepole kwa kunywa hewa, si kwa kukauka tu. Plasta ipakwe tabaka za sentimita moja, kila moja ingoje mwenzake ishike. Ukipaka nene, uso unakuwa mgumu ndani pangali uji, na nyufa zinatokea. Pitisha kaskazi moja na kusi moja, ukuta umalize kukaa, ndipo upime. Mchanga uwe wa mto. Wa baharini uoshwe mara nyingi, vinginevyo chumvi inavuta unyevu na plasta inabanduka kama magamba.

Ukitaka tao la kupimia vimo ukutani, nusu kipenyo cha mita 6 kinakupa sentimita 10 na nusu kwa kila uzi mmoja. Jicho la mtu hutenganisha dakika moja ya uzi, na hapo hiyo ni milimita 1.75, inasomeka kwa raha. Utepe wa shaba wa mita 6 hurefuka zaidi ya milimita moja joto likipanda nyuzi 10, na hewa ya bahari huugeuza kijani. Mimi ningepigilia vijiti vya mpingo kwenye jiwe lenyewe.

Na jengo lisiwe refu. Samarkandi, mtawala na mwanafalaki Ulugh Beg alikuwa na tao lenye nusu kipenyo cha mita 40 hivi katika karne ya 15, na sehemu yake ya chini ilichimbwa ndani ya mwamba. Mwanafalaki wa Denmark, Tycho Brahe, kwenye kisiwa cha Hven alianza na jumba la kifahari, kisha mwaka 1584 akajenga jingine ambalo vyombo vyake vilikaa chini ya usawa wa ardhi, kwa kuwa upepo ulivitikisa vile vya juu. Kusi ikivuma kwenye mwamba wako, mnara mwembamba utatetemeka na picha ya nyota itacheza ndani ya bakuli.

MwanaChumbageni

Aisee, ya Zuhura sikuwa nimeijua kabisa. Ahsanteni sana. Swali la nyongeza: nimeweka kisima kirefu kikavu ambacho mwanajimu akishuka chini anaziona nyota mchana. Hicho kinabaki?

FalakiMakorora

Kama ni uchawi mtupu, kibaki. Kama unataka mbingu ya kweli, hapana. Anga unayoiona kupitia mdomo wa kisima ina mwanga ule ule wa mchana, kuta haziuondoi.

Lakini usikifukie, kina kazi bora zaidi. Mita 12 kwenda chini, upana mita 1.2, na kwa kuwa upo juu ya mwamba unaweza kuchimba mita 5 na kuinua ukuta mita 7. Mdomoni weka kifuniko cha shaba chenye tundu moja la milimita 5 katikati. Tanga jua hupita utosini karibu na 7 Machi na 6 Oktoba. Adhuhuri ya siku hizo picha ya jua, duara la sentimita 11, huangukia katikati ya sakafu ya kisima. Kesho yake imesogea sentimita 8. Hakuna atakayebishana kuhusu tarehe. Kutoka Oktoba hadi Machi ni siku 152, na kurudi Oktoba ni 213. Mji unaofuata mwaka wa siku 365 bila kuongeza kitu, kama mwaka wa Nairuzi (mwaka wa jua wa Waswahili), huteleza siku moja kila miaka minne, siku 24 kwa karne. Wenye kisima wataliona hilo kabla ya watu wote, na watalazimika kuchagua kusema au kunyamaza.

Usiku toa kifuniko. Upanga wa Jabari (kundi la Orion), zile nyota ndogo zinazoning'inia chini ya mshipi wake, hupita Tanga karibu kabisa na utosi. Aliyelala chini ya kisima ataziona kwa dakika 23 hivi. Hiyo ndiyo nyota ya nne ya mnara wako. (Ukiuhamishia mnara Bagamoyo, ambayo ipo nyuzi 6 na nusu kusini, upanga unapita pembeni kidogo, na siku za jua la utosini zinakuwa karibu na 4 Machi na 10 Oktoba.)

Kisima lazima kiwe wima. Kikiinama sentimita moja tu juu kwa chini, umekosea dakika 3 za uzi. Shusha timazi ndefu yenye risasi nzito, na risasi hiyo iogelee kwenye ndoo ya mafuta ili isiyumbe.

MvuviRaskazone

Kuhusu miezi miwili. Nguvu ya mwezi kuvuta maji inakwenda na upana wake unaoonekana, upana mara upana mara upana, kama msongamano wa mawe yake ni sawa. Mwezi wa nusu upana unavuta sehemu moja tu ya nane. Kwenye pwani ambayo bamvua hupanda na kushuka zaidi ya mita 3, wavuvi wataiona tofauti hiyo, wasafiri hawataiona. Ukitaka uwe na nguvu kama ya jua letu, upana uwe robo tatu.

Tuseme ni mwezi wenye ukubwa sawa na wa kwanza ila uko mbali mara mbili. Utazunguka kwa siku 77 badala ya 27, mwandamo wake utakuwa siku 98, na miezi hiyo miwili itapitana kila siku 42. Kwa hiyo bamvua kubwa kabisa, miezi yote na jua vikiwa kwenye mstari mmoja, halina tarehe ya kudumu, ndiyo kazi ya wanajimu kulitabiri. Majahazi yatavutwa nchi kavu kupigwa dawa siku hizo, na vizingiti vya mlango wa chini wa mnara viwe juu ya alama hiyo, si ya bamvua la kawaida.

Wachimbe na kisima cha pili, cha maji ya bahari, chenye mrija wa chini unaokwenda baharini. Mrija uwe na upana wa sehemu moja ya kumi ya upana wa kisima. Ukiwa mpana, mawimbi yanaingia na boya linarukaruka. Ukiwa mwembamba mno, maji ya ndani yanachelewa na utasoma kujaa wakati nje kumeshaanza kupwa. Chaza huuziba, lazima usafishwe kila maji mafu, bahari inapojaa na kupwa kidogo.

BintiKaole

Naongezea kuhusu mabakuli. Kaole na Tongoni kuna nguzo za makaburi zilizopambwa kwa mabakuli ya kigeni yaliyopachikwa kwenye chokaa. Najua mtu atashawishika kuzigeuza nguzo zile kuwa mitambo ya nyota. Naomba usifanye hivyo, wale ni wazee wetu wamelala pale. Chukua ufundi wa kupachika bakuli ukutani, kaburi liache.

Bakuli la kukingia liwe pana chini na jeupe ndani, liwekwe juu ya mchanga ndani ya sinia ili hatua za watu zisilitikise. Adui wake mkubwa ni umande. Usiku usio na mawingu wa Januari bakuli la shaba lililoachwa wazi hupoa kuliko hewa na kuanza kutoa jasho, maji ya nyota yanachanganyika na maji matupu. Lifunikwe kwa kitambaa cha pamba na kufunuliwa dakika ile ile tu. Ubani na udi vichomwe jioni, si wakati wa kazi, moshi hubaki darini saa nzima na nyota dhaifu hazipiti. Taa ya mafuta ya nazi ikae ndani ya kidaka chenye pazia jekundu: jicho linahitaji dakika 20 hadi 30 kuzoea giza, na mwali mmoja unalirudisha mwanzo.

MwanaChumbageni

Dada, la makaburi nimelisikia, na nguzo zile sitazigusa. Swali la mwisho jamani. Adui yumo ndani ya mnara na anataka kuuharibu bila mtu kujua. Aguse nini?

FalakiMakorora

Aguse mwisho wa kusini wa mpasuo. Akwangue sentimita 6 ukingo wa mashariki na apake sentimita 6 ukingo wa magharibi, halafu apunguze kidogo kidogo kuelekea bakuli. Ni nusu uzi tu ya kupinda. Suhaili sasa itapita dakika 2 na nusu kabla ya wakati wake. Mwanajimu anafunua bakuli kwa saa aliyoizoea, na zaidi ya nusu ya nuru imeshapita. Maji yanaonekana yale yale. Manahodha wanaanza kupotea baharini na hakuna anayejua kwa nini. Chokaa mpya itakuwa nyeupe kuliko ya zamani, kwa hiyo aifute kwa masizi na maji ya chumvi.

Akipinda na upande wa kaskazini ili ufa ubaki mstari mmoja ulionyooka, Kilimia kitachelewa dakika moja. Nyota za utosini hazitabadilika hata kidogo, na hapo ndipo atakapokamatwa. Siku zote Kilimia kikipita, saa 1 na dakika 48 baadaye upanga wa Jabari unafika katikati ya kisima, na dakika 48 baada ya hapo Suhaili iko kwenye mpasuo. Kijana wa kugeuza chupa za mchanga, ambaye kazi yake ni kuhesabu tu, atakuta vipindi vyote viwili vimepungua: saa 1 na dakika 47, kisha dakika 45 na nusu. Kimoja kikipungua mtu atalaumu mchanga. Vikipungua vyote usiku baada ya usiku, kilichopinda ni jengo.

Kuthibitisha, asubuhi asimike kijiti cha mita moja wima kwenye ua wa Zuhura na achore duara kukizunguka. Ncha ya kivuli ikigusa duara kabla ya adhuhuri atie alama, ikigusa tena alasiri atie nyingine. Mstari unaotoka katikati kabisa ya alama hizo mbili na kupita mguu wa kijiti ndio kaskazini ya kweli. Auvute kwa kamba mpaka chini ya mpasuo, mlango ukiwa umefungwa.